Auryn

Auryn ni kidani cha dhahabu katika Die unendliche Geschichte, yaani Hadithi Isiyo na Mwisho, riwaya ya mwandishi Mjerumani Michael Ende (1929–1995) iliyotoka mwaka 1979. Ni alama ya mamlaka ya Malkia Mtoto, mtawala wa Phantásien, nchi ya kubuni iliyojengwa kwa ndoto na hadithi za wanadamu. Anayekivaa husema na kutenda kwa niaba ya Malkia, na viumbe wote, wema kwa wabaya, humheshimu. Wenyeji wengi hawathubutu hata kulitamka jina la kidani hiki. Hukiita Kito au Mng'aro.

Kidani kina nyoka wawili, mmoja mweupe na mmoja mweusi, walioumana mikia na kufanya umbo la yai. Nyoka anayejiuma mkia ni mchoro wa kale sana: umo katika kaburi la Farao Tutankhamun, na wanaalkemia wa Ulaya waliutumia kwa karne nyingi. Ende alimwongeza nyoka wa pili, na hapo ndipo ilipo roho ya alama hii. Kila nyoka amemfunga mwenzake, na siku watakapoachiana ulimwengu utakwisha. Alama hiyohiyo imechorwa kwenye jalada la kitabu ambacho Bastian Balthasar Bux, mvulana wa dunia yetu, anakiiba dukani na kujificha nacho darini mwa shule, akisoma habari za Phantásien.

Wa kwanza kukivaa katika kisa ni Atréju, mtoto wa kabila la wawindaji wa nyati. Malkia ni mgonjwa na nchi inamezwa na Utupu, basi tabibu Caíron, nusu mtu nusu farasi, anampelekea mtoto huyo kidani pamoja na masharti magumu: asichukue silaha, asipendelee upande wowote, wala asiutumie uwezo wa Auryn kwa matakwa yake. Kwa kuwa Atréju haombi lolote, kidani kinamlinda. Kinapomponyoka angani akinaswa katikati ya mapambano ya majitu ya upepo na kuzama baharini, anabaki bila kinga mbele ya mvuto wa Utupu, hadi Fuchur, joka la heri, anapokiopoa na kumfuata nacho.

Mambo yanageuka Bastian anapoingia mwenyewe Phantásien na kukikuta kidani mkononi mwake. Nyuma ya kidani pana maandishi yanayomruhusu mwenye kukivaa kufanya atakalo, na Bastian anayachukulia kuwa ruhusa isiyo na mpaka. Simba Graógramán, bwana wa jangwa la rangi, anamwonya kwamba maana yake ni kutafuta lile alitakalo kwa kweli, na kwamba hakuna njia ngumu kuliko hiyo. Onyo halimwingii. Kila ombi linatimia, na kila linalotimia linamnyang'anya kumbukumbu moja ya kwao. Anatamani kuwa mzuri wa sura. Anasahau kwamba alikuwa mnene. Anatamani nguvu, anasahau unyonge wake. Ukatili wa biashara hii ni kwamba aliyepoteza hajui amepoteza nini, maana chombo cha kujulia ndicho kilichochukuliwa. Mchawi Xayíde anamchochea ajitawaze kuwa mfalme, na Atréju anapojaribu kumwokoa kwa kumwondolea kidani, Bastian anamjeruhi rafiki yake kwa upanga.

Mwisho wa njia hiyo Bastian anauona kwa macho katika Mji wa Wafalme wa Kale. Humo wanaishi wanadamu waliomaliza kumbukumbu zote, na asiye na kumbukumbu hana tena la kutamani. Nyani Argax, mlinzi wao, amewapa dadu zenye herufi. Wanazirusha mchana kutwa na kusoma kinachoangukia, kwa kuwa hadithi zao wenyewe hawanazo tena. Ni sehemu inayotisha kuliko vita vyote vya riwaya hii.

Bastian anaokoka akiwa amesahau wazazi, na mwishowe hata jina lake. Anakivua Auryn kwa hiari na kukiweka chini mbele ya Atréju na Fuchur. Hapo wote watatu wanajikuta ndani ya kidani chenyewe, ambamo nyoka hao, sasa wakubwa kama milima, wanaizunguka chemchemi ya Maji ya Uzima. Mlango wa kurudi nyumbani ulikuwa shingoni mwake muda wote, lakini haufunguki kwa anayeng'ang'ania kidani. Kwa kuwa Bastian hana jina, Atréju anasema kwa niaba yake na kuahidi kuzimaliza hadithi zote ambazo rafiki yake alizianzisha.

Filamu ya Wolfgang Petersen ya mwaka 1984 iliieneza alama hii duniani, ikiwa na nyoka waliosokotana zaidi kuliko wale wa riwaya. Inaishia karibu na nusu ya kitabu, hivyo gharama ya matakwa haimo kabisa. Ende aliipinga vikali filamu hiyo na kuipeleka mahakamani, lakini akashindwa.