Ruhusa ya Kumshitaki Mkubwa

Mtu aliyeibiwa kuku aweza kwenda barazani siku ile ile akamshitaki mwizi, wala haombi ruhusa kwa mtu. Lakini katika Bara Hindi, mtumishi wa serikali akishitakiwa kwa rushwa, hakimu hawezi kuyapokea mashtaka mpaka yule awezaye kumwondoa mtumishi huyo kazini ametoa idhini kwa maandiko. Amri hii iliwekwa katika Sheria ya Kuzuia Rushwa ya mwaka 1947, na mfano wake ulikuwamo tangu 1898 katika kanuni za mashtaka za utawala wa Waingereza.

Sababu yake si mbaya. Karani akataaye kumpendelea tajiri hujipatia adui. Na kama kila adui angeweza kumburuta barazani kwa uongo, nani angethubutu kufanya kazi yake kwa haki? Hayo twayakubali. Shida huanza pale mwenye kushika idhini anapokuwa rafiki wa mshitakiwa.

Na tuyatazame yaliyotokea Bombay. Mwaka 1981 waziri mkuu wa jimbo la Maharashtra alikuwa A. R. Antulay. Saruji ilikuwa adimu, na serikali ndiyo iliyoigawa. Ikasemwa kwamba wajenzi walipewa saruji kupita fungu lao, nao wakatoa fedha nyingi kwa vyama vya hisani alivyovianzisha waziri huyo. Ramdas Nayak, mtu wa chama cha upinzani, alimwandikia Gavana wa jimbo Septemba 1, 1981, akiomba idhini. Hakungoja jibu, siku kumi baadaye alikwenda kwa hakimu, naye hakimu akamrudisha: idhini haipo.

Januari 1982, katika kesi nyingine, jaji wa Mahakama Kuu ya Bombay alisema wazi kwamba saruji ile ilitolewa kwa kubadilishana na sadaka zile. Antulay akajiuzulu. Hata hivyo idhini ya Gavana haikutoka mpaka Julai. Nayak akarudi barazani Agosti, kama yule mjane wa Injili asiyechoka kumwendea kadhi. Mwaka 1983 akafungiwa mlango tena! Jaji alisema kwamba Antulay, ingawa si waziri tena, angali mjumbe wa baraza la jimbo. Basi yahitajika idhini ya baraza hilo pia.

Februari 16, 1984, Mahakama ya juu kabisa katika nchi ile iliyavunja maneno hayo. Ilisema kwamba idhini ni ya cheo kile kilichotumiwa vibaya; mtu akiisha kukiacha, hawezi kujificha nyuma ya cheo kingine. Kwa maoni yetu hayo ndiyo maneno bora ya kesi nzima, maana bila hayo mjanja angehama kutoka kiti hata kiti maisha yake yote.

Lakini kesi yenyewe iliendelea kuvutwa huku na huku. Mwaka 1988 majaji walio wengi kati ya saba waliamua kwamba ilipelekwa mbele ya mahakama isiyopasa. Antulay hakupatikana na hatia, na mwaka 2006 alikuwa waziri katika serikali ya nchi nzima.

Tena Novemba 2008 Subramanian Swamy alimwandikia Waziri Mkuu wa Bara Hindi, Manmohan Singh, kuomba idhini ya kumshitaki waziri wa simu, A. Raja. Jibu lilikuja Machi 2010, miezi kumi na sita karibu, likisema wakati bado. Mwaka 2012 mahakama ililaumu kukawia huko. Naye Raja, aliposhitakiwa, aliachiliwa mwaka 2017. Sheria ilipotengenezwa upya mwaka 2018, wakubwa waliambiwa wajitahidi kujibu katika miezi mitatu, na mmoja wa kuongeza. Lakini haikuandikwa kwamba muda huo ukipita bila jibu, idhini itahesabiwa kuwa imetolewa.