Dharura ya Miaka 30: Ardhi, Umbali na Mzigo wa Mwenyeji katika Masisi na Walikale

Jumapili ya Aprili 2, 2023, wanawake na watoto wa kijiji cha Bolowa, wilayani Masisi, Kivu Kaskazini nchini Kongo, walikuwa wameteremka kwenye kijito kilicho chini ya mlima, wengine wakifua nguo, wengine wakiosha vyombo. Udongo wa mlima uliokuwa umelowa mvua ukawaporomokea. Walikufa watu wapatao 20. Mwezi mmoja baadaye, katika mkoa jirani wa Kivu Kusini, mafuriko ya Kalehe yaliua zaidi ya watu 400 huko Bushushu na Nyamukubi. Kwa kawaida ya taarifa za kiofisi, matukio kama haya huwekwa katika fungu la majanga ya asili, na watu wanaokimbia risasi milima miwili mbali na hapo huwekwa katika fungu la vita. Kila fungu lina ofisi yake, bajeti yake na wataalamu wake.

Makala hii inatetea hoja kwamba mgawanyo huo unatupotosha. Katika Masisi na Walikale maporomoko, njaa, magonjwa na mapigano vinalishwa na mambo mawili yale yale: namna ardhi ilivyogawanywa, na umbali unaowatenga watu na msaada, soko na habari. Gharama yake kubwa hailipwi na serikali wala na mashirika. Inalipwa na kaya za wenyeji zinazowapokea waliokimbia, na ndizo zinazochunguzwa kwa uchache kuliko wote.

Wazo la kwamba maafa hutengenezwa na jamii ni la zamani. Baada ya tetemeko la Lisbon la 1755, Jean-Jacques Rousseau alimwandikia Voltaire kwamba maumbile hayakuwarundika watu pamoja katika maelfu ya nyumba za ghorofa sita na saba. Mwaka 1976 Phil O'Keefe, Ken Westgate na Ben Wisner walidai katika jarida la Nature kwamba wakati umefika wa kuacha kuyaita maafa kuwa ya asili. Na katika kitabu cha 1994 Wisner na wenzake walieleza jinsi maamuzi ya mbali, ya kisiasa na kiuchumi, yanavyofika hatimaye hadi kwenye paa la nyumba ya mtu mmoja. Nakubaliana nao, lakini nina shaka moja. Nadharia hizi bado zinalihesabu janga kama tukio lenye siku yake. Masisi haijapata siku ya namna hiyo. Imepata miongo.

Wilaya ya Masisi haifiki kilomita za mraba 5,000, na udongo wake wa volkano, mvua zake na baridi ya milima yake viliwavutia wakoloni mapema. Mwaka 1928 Kamati ya Taifa ya Kivu ilipewa mamlaka makubwa juu ya ardhi ya eneo hilo, na kati ya 1937 na 1955 utawala wa Ubelgiji uliendesha mpango rasmi wa kuwahamisha watu kutoka Rwanda hadi milima ya Masisi, ili kupunguza msongamano huko na kupata vibarua wa mashamba makubwa huku. Huko Gishari wahamiaji walipewa eneo lao la utawala, likafutwa mwaka 1957. Hapo Wahunde, wenyeji wa Masisi, walijikuta wakigawana ardhi ya mababu kwa amri ya mgeni, na wahamiaji wakajikuta wamepewa mashamba bila kupewa haki ya kudumu juu yake. Kosa halikuwa la yeyote kati ya hao wawili, na ni muhimu kulisema hilo wazi, kwa sababu hadi leo kila upande unafundishwa kumlaumu mwenzake.

Baada ya uhuru mambo yalizidi kukaza. Sheria ya ardhi ya Julai 20, 1973 ilitamka kwamba ardhi yote ni mali ya dola. Kuhusu ardhi inayoshikiliwa kwa mila, sheria hiyo ilisema itatungiwa amri maalumu ya rais, na kwa zaidi ya miaka 40 amri hiyo haikutoka. Katika pengo hilo mwenye fedha na ukaribu na Kinshasa aliweza kupata hati ya kilima kizima, na familia zilizokilima tangu enzi za babu zikaambiwa hazina karatasi. Misitu ilikatwa, malisho ya ng'ombe yakatandazwa, na jibini ya Masisi ikapata jina zuri katika masoko ya Goma na Kinshasa. Mkulima mdogo akabaki na kipande kwenye mwinamo mkali, au akawa kibarua kwenye ardhi alikozaliwa. Juu ya hayo ikaja sheria ya uraia ya 1981, iliyowatilia shaka hata waliokuwa wamezaliwa Masisi kwa vizazi viwili. Asiye na uhakika wa uraia hana uhakika wa shamba.

Machi 1993 mauaji yalianzia soko la Ntoto, wilayani Walikale, yakaenea hadi Masisi. Maelfu walikufa, na watu wapatao robo milioni walihama makwao. Vikao vya maridhiano kati ya jamii, vilivyofuata mwishoni mwa mwaka huo na mwanzoni mwa 1994, vilituliza mambo kwa muda. Kisha Julai 1994 mamia ya maelfu ya wakimbizi kutoka Rwanda, pamoja na wanajeshi walioshindwa, waliingia Goma, na utulivu ule ukafagiliwa. Tangu hapo majina ya makundi yamebadilika mara nyingi. Suala la nani ana haki ya kulima wapi halijajibiwa.

Hata hewa ya volkano inaonyesha jambo hili. Wenyeji wa Sake, Mugunga na Bulengo, magharibi mwa Goma, wanayajua mabonde ambamo mazuku hutulia, ile gesi nzito ya ukaa inayotoka ardhini na kuua mbuzi na watoto kimya kimya, hasa asubuhi kabla jua na upepo havijaitawanya. Wanajua pa kutojenga. Lakini mkimbizi aliyefika usiku hujenga kibanda mahali alipoachiwa, na mara nyingi alipoachiwa ndipo pale ambapo mwenyeji hapataki. Gesi ni ya asili. Kwamba inamuua mgeni na kumwacha mwenyeji, hilo ni suala la ardhi.

Walikale ni hadithi nyingine. Ndiyo wilaya kubwa kuliko zote za Kivu Kaskazini, zaidi ya kilomita za mraba 23,000, sehemu kubwa ikiwa msitu wenye watu wachache. Huko ardhi ipo. Kinachokosekana ni njia. Barabara ya kutoka Goma kupitia Sake hadi Walikale na kuendelea Kisangani imeharibika kiasi kwamba kwa miaka mingi ndege ndogo zilikuwa zikitua juu ya lami pale Kilambo. Magari yalisimamishwa, ndege ikashuka, ikateremsha bidhaa, ikapakia kasiterite, yaani madini ya bati, ikaruka, kisha waendesha pikipiki wakaendelea na safari. Kutoka machimbo ya Bisie wapagazi walibeba magunia ya kilo 50 mgongoni kwa mwendo wa siku nzima na zaidi, kupita msituni hadi Njingala, wakilipa kwenye kila bariyeri. Hapo umbali una bei, na wenye bunduki ndio wanaoikusanya.

Umbali huo huo uliua kwa namna nyingine. Kati ya Julai 30 na Agosti 2, 2010, wapiganaji walivamia vijiji 13 kando ya barabara ya Kibua hadi Mpofi, Luvungi ikiwamo. Uchunguzi wa Umoja wa Mataifa ulithibitisha kwamba watu wasiopungua 387 walibakwa. Kambi ya walinzi wa amani ilikuwa Kibua, kwenye barabara hiyo hiyo, lakini vijiji havikuwa na mtandao wa simu, na siku zilipita kabla uzito wa yaliyotokea haujajulikana. Mjadala uliofuata uliwahusu zaidi wahalifu, na ilikuwa haki: Ntabo Ntaberi Sheka, mmoja wa viongozi wa uvamizi huo, alihukumiwa kifungo cha maisha na mahakama ya kijeshi mjini Goma mwaka 2020. Hata hivyo, ukosefu wa mnara wa simu na wa barabara ulikuwa sehemu ya sababu, na haukuwa na mshitakiwa.

Takwimu za vifo zinaelekea huko huko. Tafiti za Kamati ya Kimataifa ya Uokoaji zilikadiria kwamba kati ya Agosti 1998 na Aprili 2007 Kongo ilipoteza watu milioni 5.4 zaidi ya ilivyotarajiwa. Wapo wataalamu waliopinga idadi hiyo kwa hoja nzito za kitakwimu. Lakini tafiti hizo ziligundua pia kwamba wengi mno hawakuuawa na silaha. Waliuawa na malaria, kuhara, homa ya mapafu na utapiamlo, magonjwa ambayo dawa zake zinajulikana na ni za bei ndogo.

Jamii hizi zimejibu vipi? Jibu la kwanza, na lazima tulitazame bila haya, limekuwa bunduki. Makundi mengi ya wanamgambo wa Mai-Mai yalianza kama ulinzi wa kijiji. Baadaye ulinzi ukawa kodi. Chini ya kundi la NDC-Rénové, lililotokana na mgawanyiko wa kundi la Sheka, kila mtu mzima alitakiwa kununua jetoni, kikaratasi cha kuthibitisha kodi, kwa faranga 1,000 kila mwezi, na asiye nayo alikamatwa njiani. Kodi nyingine za namna hiyo huitwa lala salama. Jambo lililoundwa kuzuia maafa likawa chanzo chake, na mtafiti anayetenganisha visababishi na mwitikio katika sura mbili za kitabu hataliona.

Jibu la pili ni lile la nyumba. Kwa miaka mingi, sehemu kubwa ya wakimbizi wa ndani nchini Kongo wameishi kwa ndugu, marafiki, waumini wenzao, au watu wasiowajua kabisa. Baada ya volkano ya Nyiragongo kulipuka Mei 22, 2021 na mamlaka kuamuru sehemu ya Goma ihamwe, maelfu walitembea hadi Sake. Watu wa Sake, ambao wenyewe walikuwa wameshakimbia vita si mara moja, waliwafungulia milango.

Kawaida mambo huenda hivi. Familia inafika jioni na godoro, sufuria na watoto. Mwenyeji anawapa chumba au kona ya jiko. Juma la kwanza wanakula chungu kimoja, maharagwe na sombe. Juma la tatu mgeni anaanza kulima kibarua kwa jirani, na ujira wa siku unashuka kwa sababu vibarua wamekuwa wengi. Kuni zinatafutwa mbali zaidi. Mwezi wa pili mwenyeji anafungua debe la maharagwe aliyoyaweka kwa ajili ya kupanda, na yanapikwa. Pesa ya likilimba, mchango wa zamu, iliyokusudiwa ada ya shule inaenda kwenye dawa. Msimu unapofika, mwenyeji na mgeni wote hawana mbegu. Katika tathmini nyingi mmoja ameandikwa kuwa mhitaji na mwingine hakuandikwa popote.

Hapa ndipo maafa ya Masisi yanapotokea hasa, katika debe hilo. Risasi inaeleza kwa nini mgeni alikuja. Haielezi kwa nini kaya mbili zina njaa miezi minane baadaye. Mwaka ujao mapigano yanahamia kilima cha mwenyeji, naye anakimbilia kwa mtu aliyekwisha kuishiwa kama yeye. Kila duru inaanza na akiba ndogo kuliko iliyotangulia. Kwa hiyo napendekeza maafa ya namna hii yapimwe kwa akiba inayobaki kwa kaya inayopokea, kando ya idadi ya waliohama.

Nitapingwa kwamba mtoto mwenye malaria kali hawezi kusubiri marekebisho ya sheria ya ardhi. Kweli kabisa. Madaktari Wasio na Mipaka wamekuwa katika hospitali ya Masisi tangu 2007, na wapo watu wanaotembea leo kwa sababu ya upasuaji uliofanyika pale. Lakini huduma ya dharura inayokaribia miaka 20 ni ushahidi dhidi ya jina lake. Miradi inayofadhiliwa kwa miezi mitatu au sita hugawa chakula na turubai kwa walioandikishwa, kisha huondoka kabla ya mavuno. Fedha zilipokatwa mwaka 2025, hasa za Marekani, kilichobaki kilikuwa zile nyumba ambazo hazikuwahi kufadhiliwa.

Mwaka huo mambo yote yaligongana. Waasi wa M23 walikuwa wameshika machimbo ya koltani ya Rubaya tangu 2024, na wataalamu wa Umoja wa Mataifa walikadiria kwamba kodi za hapo ziliwapatia dola 800,000 hivi kwa mwezi. Januari 2025 waliteka Masisi mjini, Sake, kisha Goma. Februari, wakimbizi wa kambi zilizozunguka Goma waliamriwa kuzibomoa na kurudi walikotoka, wengi wao milima ya Masisi, ambako nyumba zilikuwa zimechomwa au shamba lina mtu mwingine. Machi, kituo cha Walikale kiliangukia mikononi mwao kwa muda, na mgodi wa kisasa wa Bisie, unaotoa karibu asilimia 6 ya bati ya dunia, ulikuwa umeshasimamisha kazi. Masoko ya bati yalitikisika mara moja. Bei ya mbegu za maharagwe katika soko la kijiji haikutangazwa na mtu yeyote, ingawa ndiyo iliyoamua nani angekula.

Wasomi wa Goma, Bukavu na kwingineko katika Maziwa Makuu wanaweza kuitangaza bei hiyo. Haihitaji setilaiti. Inahitaji wanafunzi wanaojua lugha za huko, waulize mwenyeji kabla ya kila msimu ana mbegu kiasi gani, amepokea watu wangapi, na shamba lake lina karatasi au neno tu la mwami, yaani chifu wa kimila. Msimu wa kwanza wa kupanda Kivu Kaskazini unaanza Septemba. Tathmini inayofanywa Agosti kuhusu debe la mbegu itafaa kuliko ile ya Desemba inayopima mikono ya watoto waliokwisha kukonda.