Ihefu, Mtera na Ng'ombe Waliosingiziwa

Tangu mwanzoni mwa miaka ya 1990, kila mgawo wa umeme ulipoikumba Tanzania, kidole kilielekezwa Usangu. Maelezo yalikuwa mepesi kukaririwa bungeni na magazetini: wafugaji wamejaza ng'ombe katika ardhioevu ya Ihefu, majani yameliwa na udongo umekanyagwa, Mto Ruaha Mkuu umekauka, bwawa la Mtera limeshuka, na mitambo ya umeme ya Kidatu inasuasua. Kila sehemu ya maelezo hayo, ikitazamwa peke yake, ina chembe ya ukweli, na ndiyo maana yamedumu. Lakini sehemu hizo hazishikamani. Usangu kulikuwa na matatizo mawili yenye sababu mbili tofauti: mto uliokauka kiangazi ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Ruaha, na bwawa lililoishiwa maji ya kuzalisha umeme. Yalipounganishwa na kuwa tatizo moja, akatafutwa mkosaji mmoja, na aliyepatikana ni yule aliyekuwa rahisi kuhamishwa.

Bila kuelewa maji yanavyotembea, madai yote yanaonekana sawa. Usangu ni bonde tambarare mkoani Mbeya, lililo chini ya milima ya Uporoto na Kipengere. Mito ya Mbarali, Kimani, Chimala, Ndembera na mingine hushuka kutoka nyanda za juu, ikapoteza kasi na kutapakaa kwenye mbuga. Masika, mbuga hizo hugeuka ziwa. Kiangazi maji hurudi nyuma mpaka yabaki kwenye kinamasi cha kudumu, na hicho ndicho kiini cha Ihefu. Mlango wa kutokea ni mmoja tu, Ng'iriama, ambako mwamba wa asili umekaa kama ukingo wa bakuli. Maji yakiwa juu ya mwamba, Ruaha inatiririka kuelekea hifadhini, Mtera, Kidatu na hatimaye Rufiji. Yakishuka chini yake hata kidogo, mto unasimama papo hapo, ingawa nyuma ya mwamba kinamasi bado kimejaa maji. Watafiti wa haidrolojia walikadiria kwamba ili nusu mita ya ujazo ivuke Ng'iriama kila sekunde wakati wa kiangazi, Ihefu inahitaji kupokea takriban mita 7 za ujazo kwa sekunde. Kinachobaki huondoka kwa jua na kwa matete. Kwa hiyo upungufu mdogo wa maji yanayoingia unatosha kuufunga mto kabisa, na hapo ndipo pa kuanzia uchunguzi.

Wanaosema ng'ombe ni wageni Usangu hawajasoma historia yake. Katika karne ya 19 Wasangu chini ya watawala wao, akina Merere, walijulikana kwa mifugo mingi na kwa vita. Wahehe waliwasukuma nje ya bonde, na Wajerumani waliokuwa wakipambana na Mkwawa, mtawala wa Wahehe, ndio waliowarudisha. Katika miaka hiyohiyo ya 1890 sotoka ilifyeka ng'ombe Afrika Mashariki yote. Ofisa wa kikoloni aliyeliona bonde tupu mwanzoni mwa karne ya 20 aliliona baada ya vita na tauni ya mifugo, na utupu ule ukachukuliwa kuwa ndiyo hali ya asili. Wasukuma, Wagogo, Wamang'ati na Wamasai walioingia na makundi yao katika nusu ya pili ya karne hiyo walikuja kwa wingi, hilo halipingiki. Hata hivyo, walikuta malisho yenye historia ya kuchungwa.

Kilichokuwa kipya ni mpunga. Wabaluchi waliofuata njia za misafara na kuweka makazi Usangu walikuwa miongoni mwa wa kwanza kuchimba mifereji ya kuumwagilia. Mwaka 1961 Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa lilitoa ripoti kubwa ya bonde la Rufiji iliyoiona Usangu kama eneo la umwagiliaji mpana. Miaka ya 1970 likaja shamba la Serikali la Mbarali, lililojengwa kwa msaada wa China, na mwanzoni mwa miaka ya 1990 likafuata la Kapunga, kila moja likiwa na hekta zipatazo 3,000. Baadaye ikaja skimu ya Madibira kwa wakulima wadogo. Pembeni ya hayo wakulima wenyewe walichimba mifereji mingi zaidi, kwa kuwa mchele wa Mbarali una soko.

Badiliko ambalo halikuandikwa sana ni la banio, yaani kizuizi cha kuchepusha maji ya mto kwenda mferejini. Banio la zamani lilikuwa la mawe, magogo na nyasi. Lilivuja, na mafuriko yakija lilichukuliwa. Kasoro hiyo ndiyo iliyoruhusu maji kuendelea kwenda chini. Wafadhili na Serikali walipoanza kujenga mabanio ya zege yenye milango ya chuma, kwa jina la ufanisi, mkulima wa juu akapata uwezo ambao babu yake hakuwa nao: kuuchukua mto mzima wa kiangazi. Mifereji iliendelea kubeba maji hata miezi ambayo mpunga haujapandwa, mengine kwa matumizi ya nyumbani na mengine yakipotelea mashambani. Mwaka 1993, Ruaha Mkuu ilikauka ndani ya hifadhi, na ikarudia hivyo kila kiangazi kilichofuata. Hilo ndilo tatizo la kwanza. Ni la kweli na ni baya: viboko walijazana katika madimbwi ya tope, na samaki wakafa.

Tatizo la pili ni la Mtera. Kituo cha Kidatu, chenye uwezo wa megawati 204, kilianza kazi mwaka 1975. Mtera lilikamilika mwaka 1980 ili liwe ghala la maji yake, kisha likapewa mitambo yake ya megawati 80. Ghala hilo hujazwa na mafuriko ya masika, pamoja na maji ya Ruaha Ndogo na Kisigo ambayo hayapiti Ihefu kabisa. Wiki ambazo mto umesimama Ng'iriama ni zilezile ambazo, hata ungetiririka, ungeleta maji kidogo mno ukilinganisha na ya masika. Waliochambua kumbukumbu za bwawa kufuatia mgawo wa mwanzoni mwa miaka ya 1990 waligundua jambo la aibu zaidi: maji yalikuwa yakifunguliwa kupita mahitaji ya mitambo, na akiba ikaisha kabla ya mvua. Ng'ombe wa Usangu hashiki funguo za milango ya Mtera.

Atakayepinga atasema: lakini mifugo iliharibu. Ndiyo, mahali ilikojaa iliharibu kingo na njia za maji, na wavuvi na wachoma majani nao walikuwamo. Lakini kukanyaga nyasi hakuondoi mita za ujazo mtoni, na ng'ombe anayekunywa makumi machache ya lita kwa siku hafanani na mfereji unaotiririka usiku na mchana. Pingamizi zito zaidi ni la ukame: mvua ilipungua kweli katika baadhi ya miaka, hasa 2005 kuelekea 2006. Hata hivyo, ukame huja na kuondoka, ilhali mto uliendelea kukauka hata baada ya masika mazuri. Chanzo basi kiko katika jambo linalojirudia kila mwaka, na kila mwaka kinachojirudia ni kufunguliwa kwa mabanio.

Viongozi hawakukosa taarifa. Mradi mkubwa wa utafiti wa Usangu, uliofadhiliwa na Uingereza kati ya 1998 na 2002, ulionyesha tofauti ya matatizo haya mawili waziwazi. Mwaka 2001 Waziri Mkuu Frederick Sumaye aliahidi jijini London kwamba Ruaha itatiririka mwaka mzima ifikapo 2010. Kisha ukaja mgawo wa 2006, na Serikali ikachagua njia ya haraka. Kati ya 2006 na 2007 wafugaji waliondolewa Usangu, wengi wakisafirishwa hadi Lindi na Pwani. Watetezi wao walikadiria mifugo takriban 300,000. Malalamiko ya faini, vifo vya mifugo na uonevu yalimlazimu Rais Kikwete kuunda tume ya uchunguzi mwaka 2007. Mwaka 2008 eneo la Ihefu likaingizwa katika Hifadhi ya Taifa ya Ruaha, ikawa na kilomita za mraba zaidi ya 20,000, kubwa kuliko zote nchini wakati huo.

Hapo historia ilitupatia jaribio ambalo hakuna mtafiti angethubutu kulibuni. Mshukiwa aliondolewa na kinamasi kikawekewa askari. Kama maelezo ya awali yangekuwa sahihi, mto ungerudi. Haukurudi. Mwaka 2010 ulipita bila ahadi ya London kutimia, na mwaka 2017 Makamu wa Rais wakati huo, Samia Suluhu Hassan, aliunda kikosi kazi cha kuinusuru Ruaha ileile. Mpaka wa hifadhi ukageuka mgogoro mwingine na vijiji vya Mbarali, uliofikia tangazo jipya la Serikali mwaka 2023.

Wapo watakaouliza kama hoja hii haihamishi lawama kutoka kwa mfugaji kwenda kwa mkulima wa mpunga, maskini mwingine. Ingekuwa hivyo kama dawa ingekuwa kumfukuza naye. Lakini kasoro ya banio ni ya mpangilio: nani anafungua, mwezi gani, na nani anahesabu. Ofisi ya Bonde la Rufiji, iliyoanzishwa Iringa mwaka 1993, iligawa haki za maji kwa viwango vya mwaka mzima katika mito ambayo Novemba haina hata robo ya maji ya Machi. Jumuiya za watumia maji zilizotambuliwa na sheria ya mwaka 2009 zinaweza kufunga milango kwa zamu kiangazi, kwa kuwa wanachama wake wanafahamiana na wanajua mfereji upi unamwaga maji porini. Kazi hiyo inahitaji vipimo mtoni, visima vya vijijini ili mfereji usiwe bomba la nyumbani, na fedha za kuisimamia mwaka hadi mwaka.