Sinema ya Vugiri, 1935–1937

Msafiri atokaye Tanga kwa barabara hupita Muheza, nchi ya mkonge, akiiona milima ya Usambara kuliani mwake. Akifika Korogwe, juu yake katika milima hiyo ndipo palipo Vugiri. Wengi wetu tumelisoma jina hilo katika ramani tu, kumbe ni mahali penye sehemu yake katika historia ya sinema ya Afrika.

Mwaka 1935 ulianzishwa huko mradi ulioitwa Jaribio la Sinema ya Elimu kwa Wabantu. Fedha nyingi zilitoka shirika la Carnegie la Marekani, chini ya uangalizi wa Baraza la Kimataifa la Misheni. Kiongozi wa upigaji picha alikuwa Meja L. A. Notcutt, G. C. Latham alishughulikia upande wa elimu. Hadi 1937 zilitengenezwa filamu fupi zipatazo 35. Waigizaji walikuwa Waafrika, nao Waafrika walifanya kazi katika chumba cha kusafishia picha.

Hapakuwa na majumba ya sinema vijijini. Kwa hiyo lori lilibeba mashine, pazia na jenereta, likazunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Watu wakakusanyika uwanjani usiku. Maneno yalitoka katika sahani za santuri, kwa Kiswahili na lugha nyingine, na yule aliyeziendesha alipaswa kuwa mwangalifu sana, maana sahani ikitangulia picha, maana yote huvurugika.

Filamu moja ilihusu Benki ya Akiba ya Posta: azikaye fedha zake ardhini anaibiwa, awekaye Posta anasalimika. Nyingine zilihusu kodi, chai, na minyoo ya safura. Hatukatai kuwa somo la safura lilikuwa na manufaa. Lakini Notcutt mwenyewe aliwahi kusimamia mashamba ya mkonge, na tangu 1926 alifikiri kuwa sinema ingesaidia kuwafanya vibarua waridhike. Basi katika hadithi ile ya Posta kibarua anafundishwa mahali pa kuweka mshahara. Kama mshahara wenyewe unatosha, haulizwi.

Mwaka 1937 fedha za Carnegie zilikwisha. Serikali za kikoloni, ambazo zilitazamiwa kuuendeleza mradi, hazikukubali kuugharimia. Mwaka huohuo Notcutt na Latham walichapisha kitabu juu ya kazi yao. Waigizaji wa Vugiri hawakuandika chao.