Masanja Mkandamizaji

Masanja Mkandamizaji, jina halisi Emmanuel Mgaya, ni mchekeshaji, mwimbaji wa nyimbo za Injili na mhubiri wa Tanzania. Alijulikana kupitia kundi la Ze Comedy lililorushwa na kituo cha televisheni cha EATV, ambalo baadaye lilihamia kituo cha TBC1 kwa jina la Orijino Komedi. Humo aliigiza pamoja na wachekeshaji wenzake Joti, aliyeigiza babu leo na bibi kesho, na Mpoki. Mwaka 2015 Masanja aliwania kuteuliwa na chama cha CCM kugombea ubunge wa Ludewa, lakini kura hazikutosha. Wokovu haukumfanya aache vichekesho: amesimama madhabahuni na Biblia huku watu bado wakimwita Masanja, na hilo, kwa kweli, ni jambo la kupendeza. Pia ni mkulima wa mpunga.