Zuio si hukumu

Mtu aliyepewa zuio la muda husikika akisema, “Nimeshinda kesi ya kiwanja.” Hajashinda. Zuio, kutokana na kitenzi zuia, hulinda hali iliyopo: nyumba isiuzwe, ukuta usibomolewe, hadi shauri lisikilizwe. Mahakama za Tanzania hufuata vigezo vya kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969: pawe na hoja nzito ya kuamuliwa, hasara isiyofidika, na kupimwa nani ataumia zaidi. Kwa kawaida, Mahakama ya Rufani haipokei rufaa dhidi ya amri ya Mahakama Kuu isiyomaliza shauri, kama zuio la muda. Wanahabari wenzangu, tusiite zuio hukumu. Mwenye ardhi bado hajajulikana.