Kashasha, 1962: Jina la Ugonjwa katika Kitabu cha Mtoto

Mwandishi anayewaandalia watoto kitabu cha maarifa kuhusu maisha ya shule hukabiliwa kwanza na suala la lugha. Mfano ulio wazi umo mkoani Kagera. Tarehe 30 Januari 1962, wanafunzi watatu wa shule ya bweni ya wasichana huko Kashasha, ambako leo ni Wilaya ya Muleba, walishikwa na kicheko na kilio visivyozuilika. Hadi shule ilipofungwa tarehe 18 Machi, wasichana 95 kati ya 159 walikuwa wamepatwa. Hakuna mwalimu aliyepatwa. Waliporejeshwa makwao, hali hiyo ilizuka Nshamba, na baadaye katika shule nyingine karibu na mji wa Bukoba.

Madaktari A. M. Rankin na P. J. Philip waliandika mwaka 1963 kwamba wagonjwa walijawa na hofu, na baadhi walihisi kuna mtu anawakimbiza. Vipimo havikuonyesha maradhi ya mwili. Aidha, walinukuu jina lililotumiwa na wenyeji, *enwara yokusheka*, yaani ugonjwa wa kucheka.

Katika masimulizi mengi ya baadaye neno ugonjwa lilidondoka, kikabaki kicheko. Mateso ya watoto yakageuka mzaha. Hivyo basi, kitabu cha Kiswahili kinachosimulia kisa hiki hakina budi kuyahifadhi maneno yote mawili, kwani atakayekisoma ni mwanafunzi, kama walivyokuwa wasichana wa Kashasha.